Sigara ya baba inavyofika kwenye ulimi wa paka

Katika nyumba nyingi mzozo wa sigara huisha siku mtoto anapozaliwa. Mama anasema sitaki moshi humu ndani, bibi anaunga mkono, na baba anachukua pakiti na kiberiti chake kwenda kuvutia barazani. Mtoto amekingwa, amani imerudi. Anayesahaulika ni yule aliyejikunja juu ya kochi. Baba akirudi ndani, huyo atapanda mapajani mwake, atajisugua kwenye shati lake, kisha atakaa pembeni na kujilamba mwili mzima mpaka usingizi umchukue.

Paka havuti sigara, lakini anaila.

Moshi wa sigara una kemikali zaidi ya 7,000. Mamia kati ya hizo ni sumu, na takriban 70 zinajulikana kusababisha saratani. Shirika la Afya Duniani (WHO) linahesabu vifo zaidi ya milioni 7 kila mwaka vinavyotokana na tumbaku, na zaidi ya milioni 1 kati ya hivyo ni vya watu ambao hawakuvuta wenyewe, bali waliishi au kufanya kazi karibu na wanaovuta. Paka, mbwa na kasuku hawamo katika hesabu hiyo. Hata hivyo, wao ndio wanaokaa ndani kuliko mtu yeyote. Baba anaenda kazini, watoto wanaenda shule, dada wa kazi anakwenda sokoni. Paka anabaki na pazia, zulia na kochi.

Na hapo ndipo penye jambo ambalo wengi hawalijui. Sigara ikizimwa, moshi hautoweki. Sehemu yake hutoka dirishani, lakini chembe nyingi ndogo hutua: juu ya foronya, kwenye mkeka, kwenye nyuzi za zulia, kwenye nywele na nguo za mvutaji. Ile harufu unayokutana nayo asubuhi katika chumba ambacho watu walivuta usiku ni masalia hayo. Kwa mtu mzima anayetembea wima na kuvaa viatu, masalia ya sakafuni yako mbali na mdomo. Kwa paka, sakafu ndiyo kitanda chake, na manyoya yake ndiyo fagio linaloyakusanya.

Ulimi wa paka umejaa vijimiba vidogo vigumu vilivyopinda kuelekea kooni, ndiyo maana akikulamba unahisi kama msasa. Vijimiba hivyo vimeumbwa kuchana manyoya na kuondoa uchafu, na kinachoondolewa humezwa. Kwa hiyo paka wa nyumba yenye mvutaji anaingiza sumu mara mbili, kwanza kwa pua kama watu wengine wote, halafu kwa ulimi, siku baada ya siku, kwa miaka yote ya maisha yake.

Walichokiona Massachusetts

Utafiti unaotajwa zaidi kuhusu jambo hili ulichapishwa mwaka 2002 katika jarida la American Journal of Epidemiology. Watafiti wa Massachusetts, Marekani, wakiongozwa na Elizabeth Bertone, walichukua paka 80 waliogunduliwa kuwa na limfoma, yaani saratani ya mfumo wa limfu, wakawalinganisha na paka 114 waliokuwa na ugonjwa wa figo. Wote walikuwa wametibiwa katika hospitali moja ya wanyama kati ya mwaka 1993 na 2000. Wenye paka waliulizwa maswali: nani anavuta nyumbani, kwa miaka mingapi, na sigara ngapi kwa siku.

Paka walioishi na mvutaji walionekana kuwa na hatari ya kupata limfoma mara 2.4 zaidi ya wale wa nyumba zisizo na moshi. Walioishi katika moshi kwa miaka 5 au zaidi, hatari ilifika mara 3.2. Kadiri muda na wingi wa moshi ulivyoongezeka, ndivyo hatari ilivyopanda. Kupanda huko kwa hatua ndiko kunakowafanya wataalamu waupe utafiti huu uzito. Kama ingekuwa bahati mbaya tu, usingetarajia namba ipande sambamba na sigara.

Namba hizi zinahitaji kusomwa kwa utulivu. Hazisemi kwamba kila paka wa mvutaji atapata saratani, wengi hawatapata. Wala hazisemi kwamba moshi ndiyo sababu pekee, kwa kuwa limfoma ya paka ina visababishi vingine, kikiwemo kirusi cha damu ambacho paka huambukizana. Na paka 80 si wengi. Lakini limfoma si ugonjwa wa kubahatisha nao. Paka anakonda, anakataa chakula, anatapika au kuharisha bila kukoma, na bila matibabu wengi hufa ndani ya miezi michache. Dawa za saratani za paka si kitu cha kuingia duka lolote la dawa za mifugo na kutoka nacho.

Watafiti haohao waliangalia pia saratani ya mdomo ya paka, ile inayoanzia mara nyingi chini ya ulimi. Hapo matokeo yalikuwa mchanganyiko. Hatari ilionekana kama mara mbili kwa paka wa nyumba za wavutaji, lakini idadi ya paka haikutosha kuthibitisha. Kilichojitokeza kwa nguvu zaidi kilikuwa mkanda wa shingoni wa kuua viroboto. Wazo, hata hivyo, ni lilelile: kemikali iliyo juu ya manyoya huishia mdomoni mwa paka, iwe imetoka kwenye sigara au kwenye dawa.

"Paka wangu anashinda nje"

Hili ndilo jibu ambalo mtu wa Tanga, Unguja au Mombasa anaweza kulitoa kwanza, na ni jibu la haki. Paka wa huku si paka wa ghorofani New York anayefungiwa mwaka mzima. Anatoka alfajiri, anapita juu ya mabati ya jirani, anarudi anapotaka.

Bahati nzuri swali hilo limeulizwa na watafiti. Katika Chuo Kikuu cha Glasgow, Scotland, Profesa Clare Knottenbelt na wenzake walipima nikotini iliyoingia kwenye manyoya ya paka na mbwa wa nyumba zenye wavutaji na zisizo nao. Paka walionekana kuathirika zaidi ya mbwa, na tabia ya kujilamba ilitajwa kuwa sababu inayoelekea zaidi. Walipoangalia paka wanaoruhusiwa kutoka nje, kutoka huko kulileta nafuu ndogo tu. Inaeleweka: paka akishinda juani saa 6 kisha akarudi kulala juu ya shati la mvutaji, manyoya yake hujazwa upya.

Pwani kuna msemo kwamba paka wa nyumba haingwi. Hafukuzwi, ni wa ndani. Kwa Waislamu mate ya paka hayanajisi, kwa hiyo anapita sebuleni, jikoni, hata kwenye mkeka wa kulia chakula bila mtu kushtuka. Mbwa ndiye analala nje. Heshima hiyo aliyopewa paka ndiyo inayomweka karibu zaidi na moshi.

Pua ndefu, pua fupi

Kwa mbwa habari ni tofauti kidogo, na ushahidi wake hauna nguvu kama wa paka. Mwaka 1992 mtafiti John Reif wa Colorado, Marekani, na wenzake walilinganisha mbwa wenye saratani ya mapafu na wenye saratani nyingine. Uhusiano na moshi wa sigara wa nyumbani ulionekana, lakini ulikuwa hafifu. Ulikuwa mkubwa kidogo kwa mbwa wenye pua fupi. Mwaka 1998 kundi hilo likachapisha utafiti wa saratani ya ndani ya pua, na safari hii walioonekana kuwa hatarini ni mbwa wenye pua ndefu, ambao hatari yao ilikuwa kama mara mbili.

Maelezo yake ni ya kimaumbile. Pua ndefu ni chujio. Ina nafasi kubwa na utando mwingi unaonasa chembe kabla hazijafika chini, kwa hiyo uchafu hubaki puani. Pua fupi haina nafasi hiyo na moshi hupita moja kwa moja kuelekea mapafuni. Mbwa wengi wanaolinda nyumba zetu, wa kienyeji na wale wa Kijerumani, wako upande wa pua ndefu.

Ila mbwa wa Dar es Salaam au Arusha anayelala bandani nje hapati moshi wa sebuleni kama mbwa wa Colorado anayelala miguuni pa mwenye nyumba wakati wa baridi. Ni kweli, na ingekuwa kumdanganya msomaji kusema hatari yao ni sawa. Hatari ya mbwa wa getini iko mahali pengine: chini, karibu na kiti cha mlinzi.

Kipisi cha sigara hubaki na takriban robo ya nikotini ya sigara nzima. Mtoto wa mbwa hula kila kitu, soksi, mfupa, ndala na kipisi pia. Mbwa mdogo wa kilo 2 au 3 akimeza vipisi kadhaa, au sigara nzima iliyoanguka, anaweza kupata sumu ya kutosha kumuua. Dalili huanza mapema, mara nyingi ndani ya saa moja: anatokwa na mate mengi, anatapika, anahangaika, misuli inatetemeka, mapigo ya moyo yanakwenda mbio, kisha anaweza kupata degedege. Huyo apelekwe kwa daktari wa mifugo mara moja, na ikiwezekana kwa pikipiki badala ya kusubiri gari. Kumnywesha chumvi ili atapike ni kosa, maana chumvi nyingi nayo inaua mbwa. Mafuta ya kula na maziwa hayaondoi nikotini.

Maji ya sigara za kielektroniki ni hatari zaidi kwa sababu nikotini yake imekolezwa na mengine yana utamu unaomvutia mbwa. Chupa ndogo iliyotafunwa chini ya kitanda inatosha. Hata bazoka na plasta za nikotini zinazotumiwa na mtu anayejaribu kuacha, ambazo kwake ni jambo la kupongezwa, ziwekwe juu kabatini.

Samaki wa kwenye tangi la sebuleni wasisahaulike. Watafiti wa San Diego, California, walitumbukiza vipisi vya sigara majini mwaka 2011 na kuona kwamba kama kipisi kimoja kwa lita moja ya maji kinatosha kuua nusu ya samaki waliowekwa humo.

Ndege kwenye tundu

Wachimbaji wa makaa ya mawe wa Uingereza walikuwa wakishuka mgodini na ndege mdogo wa manjano aitwaye kanari. Hewa ikiingia sumu, ndege alilegea na kuanguka kabla mchimbaji hajahisi chochote, na watu walikimbia. Utaratibu huo uliendelea mpaka mwaka 1986, vilipoletwa vifaa vya kielektroniki.

Ndege huathirika haraka kwa sababu ya namna anavyopumua. Mbali na mapafu ana mifuko ya hewa ndani ya mwili, na hewa hupita mapafuni mwake kwa mkondo wa upande mmja, akivuta na akitoa. Ni mtambo mzuri ajabu wa kumpa nguvu ya kuruka, lakini unanyonya sumu kwa ufanisi uleule unaonyonya oksijeni. Kasuku anayening'inizwa kwenye tundu sebuleni, juu ya meza ambayo wageni wanavutia, hana pa kwenda. Paka angalau anaweza kuondoka.

Madaktari wa ndege huonya kuhusu kikohozi, mafua yasiyoisha, macho yanayotoa machozi na ngozi inayowasha kwa ndege wanaoishi katika moshi. Kasuku akianza kujing'oa manyoya, sababu ni nyingi, ukiwemo upweke. Moja ya kuchunguza ni vidole vya anayemshika, kwa kuwa mkono uliotoka kushika sigara una nikotini, na kasuku husimama juu ya mkono huo kwa miguu mitupu, kisha hujisafisha kwa mdomo.

Na jiko la mkaa je?

Msomaji mwenye jiko la mkaa au la kuni ana haki ya kuuliza: kama paka analala jikoni penye moshi asubuhi na jioni, sigara moja ya baba inaongeza nini?

Moshi wa kuni na mkaa nao ni mbaya, kwa mama anayepika na kwa paka aliye miguuni pake. Kuna utafiti wa Marekani wa mwaka 1998 kuhusu saratani ya pua ya mbwa ambao haukuona uhusiano thabiti na sigara, lakini uliona uhusiano na vipasha joto vya ndani vinavyotumia makaa ya mawe au mafuta ya taa. Kwa nyumba ya Kitanzania huo ni ukumbusho kwamba sigara si adui peke yake. Jiko la mkaa likiwashwa nje au kwenye kibanda chenye upepo, paka naye ananufaika. Dawa ya mbu ya kuchoma na udi karibu na tundu la ndege ni mambo ya kufikiriwa vilevile.

Tofauti ni kwamba jiko lina kazi. Familia lazima ile, na si kila mtu ana pesa ya mtungi wa gesi. Sigara ya sebuleni haipiki chochote. Inaweza kuhamishwa leo jioni bila kununua kitu.

Namna ya kulisema

Kuhamisha sigara, hata hivyo, kunahitaji mtu wa kusema, na hapo ndipo nyumba nyingi hukwama. Sheria ya udhibiti wa bidhaa za tumbaku ya mwaka 2003 inahusu maeneo ya umma. Sebuleni kwako haifiki. Kijana hawezi kumwambia baba mkwe aliyekuja kutoka mkoani azime sigara. Mke aliyelisema mara 20 amechoka, na kila akilisema linageuka ugomvi wa mambo mengine. Mvutaji mwenyewe amesikia habari za mapafu tangu utotoni na anajua maneno yaliyoandikwa kwenye pakiti.

Lakini huenda hajasikia habari za paka. Mwaka 2009 jarida la Tobacco Control lilichapisha matokeo ya maswali yaliyoulizwa kwa wenye wanyama zaidi ya 3,000 katika jimbo la Michigan, Marekani. Kati ya waliokuwa wavutaji, asilimia 28.4 walisema taarifa kwamba moshi unamdhuru mnyama wao ingewasukuma kujaribu kuacha. Wengine walisema wangeomba watu wanaoishi nao wasivutie ndani. Kusema utaacha si kuacha, na Michigan si Morogoro. Bado ni zaidi ya mtu mmoja kati ya wanne, kwa sababu ambayo haikugusa afya yake mwenyewe hata kidogo.

Pengine ni kwa sababu paka hamlaumu mtu. Mjukuu anaweza kusema, "Babu, shikamoo. Paka wetu anakohoa, daktari amesema asikae kwenye moshi. Nikuwekee kiti pale chini ya mwembe?" Hajamkosoa mzee. Amemwekea kiti. Shemeji naye anaweza kuambiwa hivyohivyo bila mtu kununa, mradi yule paka awe kweli anakohoa au ameonwa na daktari, maana uongo wa namna hii huvuja haraka.

Kiti chenyewe kiwe mbali na mlango na dirisha. Kuvutia mlangoni huku mguu mmoja uko ndani, au kuwasha feni na kufungua dirisha, hakutoshi. Ripoti ya mwaka 2006 ya Mganga Mkuu wa Serikali ya Marekani ilisema wazi kwamba hakuna kiwango salama cha moshi wa sigara ya mwingine, na kwamba kupitisha hewa hakuondoi hatari. Baada ya kuvuta, mtu anawe mikono na abadili shati kabla ya kumpakata paka, na kabla ya kumbeba mtoto, kwa sababu mtoto anayetambaa anaishi sakafu ileile, anaweka mikono mdomoni, na mara nyingi ndiye anayemkumbatia paka kuliko wote. Nyumba inayoweza kumsafisha paka itakuta imemsafishia na mtoto.

Kitambaa kilicholowa maji ya uvuguvugu, kikapangusa manyoya ya paka taratibu kila baada ya siku chache, kitapunguza anachomeza. Matandiko anayolalia yafuliwe. Kisahani cha majivu kisilale usiku mezani.

Kupunguza sigara kunasaidia, lakini kwa kiasi. Wale watafiti wa Glasgow waliona kwamba pale mvutaji anapotumia chini ya sigara 10 kwa siku, nikotini kwenye manyoya ya paka inashuka sana, ila inabaki juu kuliko ya paka wa nyumba isiyo na mvutaji kabisa.

Kikohozi kinachodhaniwa kuwa manyoya

Paka akijikunja chini, akanyoosha shingo mbele na kukohoa kikavu, wengi husema ana manyoya kooni na kuendelea na shughuli. Wakati mwingine ni kweli. Lakini kama anafanya hivyo mara kwa mara na hakuna manyoya yanayotoka, inaweza kuwa pumu. Paka wanaugua pumu kama watu, na moshi wa sigara ni miongoni mwa vitu vinavyoichochea.

Kuna kipimo ambacho hakihitaji hospitali. Paka au mbwa akiwa amelala fofofo, tazama ubavu wake ukipanda na kushuka, na uhesabu kwa dakika moja. Kupanda na kushuka ni pumzi moja. Mwenye afya kwa kawaida yuko chini ya 30. Akizidi hapo usiku baada ya usiku, ni wakati wa daktari. Paka anayehema mdomo wazi kama mbwa si wa kusubiri mpaka asubuhi. Vivyo hivyo kidonda kisichopona mdomoni, mate yanayonuka, jino lililolegea kwa paka mzee, mbwa anayetokwa damu tundu moja la pua, au uvimbe wowote unaokua.

Daktari wa mifugo, jina linalomfanya paka aonekane kama mbuzi lakini ndiye huyohuyo wa kumwendea, atauliza kuhusu chakula, chanjo na dawa za minyoo. Huenda asiulize kuhusu sigara. Mwambie bila kuulizwa: kwamba nyumbani kuna mvutaji, anavutia wapi, sigara ngapi kwa siku, na paka anapenda kulala kwenye nini.